Kura ya Mia na Kumi na Tisa

Kaunti ya Loomer ni pana kuliko subira:
endesha tangu alfajiri, nyasi, nyasi, seng'enge,
ng'ombe weusi waliokupa mgongo,
na kibao kimoja kilichotobolewa kwa risasi.
Nebraska wanatuhesabu wakikumbuka.
Tuko mia na arobaini na mmoja. Wiki iliyopita
tulikuwa mmoja zaidi.

Mimi ndiye karani. Ndiye pia msajili wa magari
na mshika ufunguo wa choo cha mahakama.
Jumanne usiku nilizimwaga kura mezani,
Verna Kuska akinishikia tochi,
maana theluji ilikwisha kuangusha nguzo za umeme.
Siri ya kura, hapa? Huyu hukandamiza kalamu
kama anayechimba kisima;
yule mkono watetemeka tangu trekta lilipombwaga.

Hamsini na tisa, Stenberg: shule ifungwe,
watoto wote sita wapande basi, maili sabini.
Hamsini na tisa, Delphine,
mama wa wawili kati ya hao sita.

Ikabaki bahasha moja, muhuri wa Ijumaa.
Mzee Tesar tulimzika Jumatatu.
Hakuacha mtoto. Miaka arobaini, kila mkutano,
kofia mkononi, aliilaani kodi ya shule.
Sheria yasema aliyepiga akiwa hai amepiga.

"Fungua," akasema Verna.
Nikapasua kwa kisu cha siagi.

Alama ilikaa kando ya Delphine,
na chini yake, kwa penseli, maneno yasiyohesabika:

*Basi lile halina hita.*