Mtoaji Hajulikani

Saa nane usiku. Tanuri la chokaa la Pongwe limezimwa,
na kompyuta ya chumba cha mitambo inanikatalia:
mtoaji hajulikani, cheti cha mzizi hakipo.
Mara ya nne.

Siilaumu. Imefungiwa humu miaka tisa
bila intaneti, isichafuke; ya dunia haiyajui.
Programu mpya imefika na barua mkononi,
imesainiwa na fulani, aliyedhaminiwa na fulani,
na yule fulani wa mwisho, wa mzizini,
hapa hana anayemjua.

Ndivyo nilivyohamia Chumbageni.
Mwenye nyumba akataka barua ya mjumbe,
mjumbe akataka ya mtaa nilikotoka,
na huko Muheza ofisi imefungwa, kuna msiba.
Nililala kwa shoga siku tatu.

Semboja, meneja, anapiga simu:
"Zima ukaguzi, Mwanahawa. Bonyeza puuza. Jiwe linapoa!"
Lipoe.
Hii ndiyo itakayoshika vali ya mafuta,
na feni, na moto wa nyuzi mia tisa.
Siifungulii mlango kwa kuwa tu imebisha hodi.

Cheti nimekishusha kwa simu, nje, penye mtandao,
nikakiingiza kwa flashi niliyoikagua mara mbili.
Kisha nikamwamsha Mbelwa, yuko Dar,
anisomee alama ya dole la cheti kwenye karatasi yake.
"Tisa, C. Nne, F."
"Rudia."
"F ya feni, dada."
Arobaini zote, mbili mbili,
kama watu wanaohesabiana fito gizani.

Babu yangu, kwenye mkonge wa Ngomeni,
hakujua herufi hata moja.
Kipande kikijaa, karani alimshika dole gumba,
akalichovya wino, akalikandamiza daftarini
kama anayeua kunguni.
Hakuna aliyeuliza dole lile linadhaminiwa na nani.
Cheti cha mzizi nacho ni hivyo: kimejisaini chenyewe.
Juu yake hapana mtu.

Kwanza nilikiweka kwenye ghala la jina langu. Ikakataa.
Nikakihamishia kwenye mizizi ya mashine nzima,
na mara ya sita mstari wa kijani ukaanza kutambaa,
polepole, kama haukuwahi kugoma.

Saa kumi na moja natoka. Kisaka, mlinzi,
aliyekula pilau ya harusi yangu,
ananyoosha mkono getini:
"Kitambulisho."

Kimebaki ndani, juu ya kibodi.