Vidole vya Hripsime

Jumapili, Vanadzor. Theluji imegoma kuyeyuka
juu ya paa la kiwanda kilichofungwa.
Shangazi ameniita, na si kwa supu.
Ameniita kwa ajili ya tanuri lake
lililokwama ngazi ya mia mbili na kumi na mbili.

Tanuri lenyewe limo ndani ya simu.
Wateja, vijitu vya rangi, wamepanga foleni,
huyu ataka mkate bapa, yule wa ufuta,
wote wana haraka kama wamewasha moto kwao.
Na mkono wa shangazi unatetemeka tangu mwaka juzi:
akigusa mara moja, kioo kinasoma mara tatu,
mikate mitatu inaungua,
mteja ananuna, anaondoka.
"Hata watu wa uongo wananikimbia," anasema,
na kunisukumia kompyuta aliyoiacha Gurgen
alipokwenda Marseille.

Nikaketi. Nikaanza kupakua kiigizi,
programu ya kujifanya simu.
Ikajikokota kama mtu anayekwenda kulipa deni.
Asilimia nane: chai.
Asilimia kumi na tisa: jamu ya aprikoti.
Asilimia sitini na moja umeme ukakatika,
ukarudi,
tukaanza sifuri.

Kisha mashine ikagoma. Haikuruhusiwa, ilisema,
kubeba mashine nyingine tumboni.
Nikaizima, nikaiwasha huku nikigonga F2,
nikashuka kule chini, kwenye ukurasa wa buluu
ambako kila sentensi ni onyo,
nikageuza neno moja tu, kutoka "zima" kuwa "washa".
Shangazi alikaza kitambaa chake kichwani
kana kwamba kuna mtu anapasuliwa.

Ikawaka.
Katikati ya kioo kipana simu nyembamba ikasimama wima,
giza kushoto, giza kulia,
ina saa yake, ina vijistari vyake vya mtandao,
ina betri iliyojaa.
"Ya nani hii?"
"Yako."
"Iko wapi?"
"Haipo."
Akaitazama hiyo haipo kwa muda mrefu.

Akaandika nywila, jina la mbuzi wa utotoni,
na duka lake lote likaja, sarafu na madeni,
hata mkate ulioungua asubuhi.
Mchezo haukujua kuwa umehama.

Kipanya kilimshinda. Kilitetemeka naye,
mshale ukarukaruka kama nzi juu ya siagi.
Basi nikafunga kila kona ya duka kwa kitufe:
A ni unga, S ni maji, D ni moto,
L ni kumkabidhi mteja.
Nilifanya hivyo kwa kukata tamaa, sikukumbuka chochote.

Miaka ishirini na saba alipiga taipu
barua za mkurugenzi wa kiwanda,
nakala tano za kaboni, bila kutazama chini.
Herufi hizi si zile za mashine yake,
lakini mahali ni pale pale.
Viganja vikainuka. Vikasita hewani, vikitetemeka,
vikatua.

Kitufe hakina wasiwasi wa kioo:
umekibonyeza, au hujakibonyeza.

A, S, D. A, S, D. L.
Bi Arpenik wa chini akagonga dari kwa ufagio.
Hakumsikia.
Na kila baada ya mikate kumi hivi
mkono wake wa kushoto ulitoka, ukaenda kando,
ukasukuma kitu kisichokuwepo,
ule wenzo wa taipureta, mwisho wa mstari,
ukarudi kazini.

Saa tatu usiku nikavaa koti.
Ngazi ya mia mbili na kumi na nne.
Akaniita bila kugeuka:
"Zaven, hiyo betri ya pale juu. Mbona haipungui?"
"Haijui kupungua, shangazi. Inaigiza tu."
"Mm," akasema.
A, S, D.