Mstari wa Chokaa

Waliniamsha saa kumi alfajiri.
"Custodio, beba ndoo, beba brashi,
nenda daraja la kiwanda cha samaki.
Mstari mmoja mweupe, toka nguzo ya taa hadi mtaroni.
Huku wagomaji, huku magari.
Hakimu ameshatia sahihi."

Miaka kumi na tisa nachora barabara za Talcahuano:
vivuko vya watoto wa shule, maegesho ya askofu,
mishale ya kumkumbusha mlevi akate kushoto.
Sijapata kuambiwa nichore
mahali hasira ya mtu inapokomea.

Mvua ilikuwa ikinyunya, ile ya kusini,
hailoweshi nguo, inatafuta mfupa.
Wanawake mia mbili juu ya kreti tupu,
siku ya kumi na saba,
magamba ya sadini bado yamewaganda viwikoni.
Nolfa Iturra akaitazama ndoo yangu.
"Kumbe sheria ndiyo wewe?"
"Mimi chokaa tu, mama."
"Basi nyoosha. Ukipinda wewe,
watasema tumepinda sisi."
Akanionyesha kwa mkono wenye vidole vitatu.
Viwili vilibaki kwenye mashine ya kukatia vichwa,
na fidia yake bado iko njiani, mwaka wa nne.

Nikamuuliza, kwa nini darajani?
Kwa nini si getini, pasipomzuia mtu?
"Kelele za mlango," akasema,
"hazimnyimi mwenye nyumba usingizi.
Na mwenye nyumba yetu analala Santiago.
Ndiyo maana tumeung'oa mlango,
tukauleta barabarani."

Upande wa pili, ngao za polisi zimeegemezwa ukutani
kama sahani zinazongoja kuoshwa.
Kapteni Oyarzo, kijana, kofia kwapani,
akapima kwa hatua: moja, mbili, tatu.
Akainama sikioni mwangu:
"Waongezee kidogo. Wakibanwa watafurika.
Maji nayajua, nimekulia mtoni."
Nikaongeza shibiri mbili
ambazo hakimu hakuzitia sahihi.

Hadi adhuhuri mstari ulishika.
Walipiga sufuria, hawakuukanyaga.
Madereva walipiga honi, wakatukana, wakapita.
Mwoka mikate alisimama katikati
akilia kwamba unga wake umekwama ng'ambo,
na yeye hana kiwanda, ana tanuri moja na deni.
Hakuna aliyemjibu. Mmoja alimpa chai.

Kisha gari la wagonjwa, king'ora juu,
na njia ya magari imeziba: lori limezima injini.
Nolfa ndiye aliyevuka kwanza.
Wakavuka wote, mia mbili, mstari wangu chini ya mabuti ya mpira,
wakivuta kreti, wakisukuma lori, wakipiga kelele "Pisha! Pisha!"
Ngao zikanyanyuka kutoka ukutani.
Nikamwona Oyarzo, mkono juu, kiganja wazi,
anawaambia vijana wake: bado.
Bado. Bado.
Gari likapita.

Natamani siku iishie hapo.
Jioni jiwe liliruka. Nani, sijui;
mia mbili hawajui, au hawasemi.
Askari mmoja, mtoto tu, damu sikioni,
na ile "bado" ikaisha.
Moshi ulituliza wote sawasawa,
mimi na ndoo yangu, mwoka mikate na unga wake.
Kesho yake gazeti liliandika jiwe.
Vidole havikuandikwa, wala kiganja.

Usiku nikarudishwa kuchora upya.
Mstari haukuwepo. Palikuwa na nyayo nyeupe,
za mpira na za ngozi, zimepandana,
zingine zinakwenda mjini, zingine kiwandani,
moja ndogo imegeuka nusu, kama aliyeitwa jina.

Kuna fomu ya kujaza.
Chokaa iliyotumika: ndoo mbili.
Sababu ya mstari kuzidi kipimo:
niliandika, mkono uliteleza.
Upana unaofaa, kwa maoni ya fundi:
hapo kalamu imesimama mpaka sasa,
na mvua inanyunya.