Neno Moja, Ukumbi wa Himbi

Mkufunzi aliandika neno ubaoni, akalipigia mstari:
risasi zikilia, fanyeni hivi.
Kisha akanigeukia mimi, mkalimani wake,
na watu arobaini wakanigeukia pia,
nikabaki mdomo wazi kama sambaza kikaangoni.

Nikajaribu: jificheni. Akatikisa kichwa.
Laleni. Hapana, chini, lakini si kulala.
Inameni?
Lakini kuinama ni kwa salamu na kwa mzigo.

Saa ya chai akanieleza.
Neno ni la kaskazini, la watu wa baridi,
wenyewe hawana hakika nalo; labda lilivuka bahari
ndani ya ndevu za mabaharia,
na mzizi wake, wanadhani, ni kukalia visigino,
mapaja yabebe tumbo, upepo upite juu.
Baadaye likanenepa, likawa kungoja,
kujikunja mpaka dhoruba ichoke.

Visigino! Si ungeanzia hapo.
Nikamwonyesha dirishani Mama Kavugho, mfagiaji,
amechutama juu ya jiwe jeusi la volkano,
kikwembe kimebanwa katikati ya magoti,
anachagua maharage ya mchana.
"Anangoja nini?" akauliza.
Hangoji kitu. Anapika.

Tuliporudi ndani nikasema: chutameni.
Paluku wa mstari wa nyuma akacheka:
"Kumbe ni hilo tu?
Hilo tulilijua tangu tumboni."

Jioni, nikitembea nyuma ya chukudu la makala
barabara ya kwenda Majengo,
vumbi likiwa limenijaa kooni,
nikaukumbuka usiku ule. Nina miaka tisa.
Milio inatoka upande wa Munigi.
Mama ametushusha chini ya dirisha,
sote juu ya visigino, bega kwa bega,
ukuta ubaridi mgongoni,
mdogo wangu ananing'ata mkono wa shati asilie.
Na kwa kuwa mikono ya mama haikujua kukaa bure,
akauvuta ungo gizani
akaendelea kuchagua, kwa vidole tu:
haragwe, haragwe, jiwe,
haragwe.

Sisi tukawa tunahesabu mlio ule mdogo wa ungo
tusiuhesabu ule mwingine.

Asubuhi tulikula.
Hakuna aliyeuma jiwe.