Ngeu

Mwaka ule watu wa Athene walikuwa wazito kupanda kilimani.
Walibaki sokoni wakibonyeza samaki, wakibishania vitunguu,
mpaka walinzi wawili wakaishika kamba, mmoja huku, mmoja kule,
kamba iliyochovywa ngeu,
wakalikumba soko zima kama mtu akumbaye makombo mezani.
Aliyeguswa alitoka na mstari mwekundu mgongoni,
na mstari ule ulikuwa faini.

Kesho yake mistari yote ililetwa kwangu.

Mimi Artime, niliyenunuliwa Karia pamoja na birika la shaba,
nafua kwa mkojo uliochacha na udongo mweupe.
Nguo haiweki siri. Najua nani alijificha kwa kinyozi
siku vita vilipopigiwa kura.
Nalijua joho la Nikostrato: sufu ya Mileto, pindo la zambarau,
na ngeu kutoka begani hadi nyongani.

Nikostrato hufundisha vijana barazani pake.
Husema: ukiumwa jino, huendi kuuliza genge la wachukuzi.
Na mji huu una jino bovu. Uachieni mikono michache iliyosoma.
Vijana huandika. Wana vidole laini.
Kleandro jirani yake, mwenye joho la viraka viwili,
humjibu kutoka upande wa pili wa ukuta:
Kitanda usichokilalia, hujui kunguni wake.
Mwacheni alalaye aseme anapowashwa.
Hukesha hivyo. Mafuta ya taa yakiisha, hutumwa mimi.

Nilimpenda Kleandro kwa methali ile.
Niliirudia nikikanyaga nguo katika beseni,
mguu wa kulia kitanda, wa kushoto kunguni,
kitanda, kunguni, mpaka maji yakawa kama damu ya ng'ombe.

Jioni moja nikampelekea joho lake, nikamkuta sakafuni
akiwahesabu wenye mji kwa kokoto:
wafinyanzi, wapiga makasia, mfua chuma wa pale kona,
hata yule mlevi muuza mkaa.
Alikuwa na furaha ya mtoto.
Nikasimama. Nikangoja.
Mkono wake ukafika kwenye kivuli changu
ukakiruka, kama mtu arukavyo dimbwi,
ukaenda kumweka kinyozi.

Seremala naye hupiga ngeu kabla ya kukata:
upande huu ubao, upande ule wa kuni.

Sikusema kitu. Ningesema kwa mdomo wa nani?
Ila nikitoka niliokota kokoto moja kizingitini,
nikaichomeka katika fungu lake alipogeuka kukohoa.
Mkewe aliniambia baadaye: alihesabu usiku kucha,
kila mara amezidi mmoja,
akailaani hesabu, akawalaani panya.

Neno lao lile, demokrasia, lilikuwa bado na joto la tanuri.
Nililisikia likirushwa juu ya ukuta kila jioni,
Nikostrato akilibana, Kleandro akilipanua
kama kiatu kipya, kidole kwa kidole,
naye akaishia palepale mguu wake mwenyewe ulipoenea.
Wote wawili waliniletea nguo zao.

Na niwaambie jambo la ufundi: ngeu haitoki yote.
Hufifia, ikawa rangi ya ufizi, ikawa rangi ya kumbukumbu.
Liinue joho la Nikostrato juani, utauona mstari bado,
mwembamba, ukikatiza mgongo
wa mtu aliyeapa kwamba kilima hakimhusu.

Na humu, katika nyufa za visigino vyangu,
imo ngeu ya mji mzima,
ya kila aliyeitwa akachelewa,
mimi ambaye hakuna kamba iliyowahi kunitafuta.