Kitufe cha B

Miaka kumi na mmoja shangazi Fusae
alilehemu kitufe kimoja tu, cha B,
kiwandani, nje kidogo ya Morioka,
mstari wa tatu, kiti cha pili kutoka dirishani.
Kitufe cha A kilikuwa cha Bi Onodera.
Hao wawili hawasemeshani hadi leo
kwa sababu ya bakuli la maboga.

Mashine zile ndogo, za kukaa kiganjani,
zilimpita mbele ya macho kama kumbikumbi
asijue ziendako.
Kazi yake ilikuwa tone la lehemu, uzi wa moshi,
kisha dole gumba: bonyeza mara tatu,
sikiliza, pitisha.
Kucheza hakucheza.
"Mpishi wa arusi," huniambia, "hupewa ukoko."

Sasa anakaribia sabini. Theluji imeziba mlango wa nyuma
na ananitaka nimwonyeshe
zile B zake zilikwenda kufanya nini duniani.

Mashine anayo moja, zawadi ya kuagwa.
Betri imevuja, imekula shaba; skrini haiamki.
Nikamwambia ipo programu ya kompyuta
inayojifanya mashine.
"Inajifanya?"
Inaigiza, shangazi. Haina kitufe, haina lehemu,
lakini mchezo ukitiwa humo
hautambui kwamba umehamishwa nyumba.
Akamenya chenza, akatafuna taratibu.
"Maskini," akasema.
Sikujua anamhurumia nani.

Tukasafisha meno ya kaseti kwa pamba na spiriti,
tukaichomeka kwenye kisomeo changu,
tukaunyonya mchezo wote: faili moja,
jepesi kuliko picha ya paka wake.
Programu ikadai na faili la kuamshia.
Nalo tukalipata, nikaliweka folda isiyo yake,
skrini ikabaki nyeupe kama uwanja wa nje.
Saa nzima. Chai ikapoa. Nikalaani kwa sauti ndogo.
Folda ya pili, ikawaka,
na kijana wa mchezoni akatimua mbio
kama aliyechokoza nyuki,
muziki ukikwaruza, samaki kikaangoni.
Nikapunguza mwendo. Picha sitini kwa sekunde.
Akaanza kutembea kama mtoto wa watu.

Kisha programu ikauliza: B iwe kitufe gani?
Nikaweka herufi ya X, wanavyoweka wengi.
"Toa," akasema. "Hiyo ni ya kidole cha shahada.
B ni ya dole gumba."
Akaliinua lake nilione: limelala bapa nchani,
limepinda kidogo kuelekea nje.
Akaipapasa kibodi nzima, safu kwa safu,
kama mtu anayechambua mchele gizani,
mpaka akafika chini kabisa, kwenye kile kirefu
cha kuachia nafasi.
"Hapa."
Na A?
"A weka popote."

Kijana akafika kwenye shimo la kwanza, akatumbukia.
Akafika tena, akatumbukia.
Bonyeza B, nikasema.
Akabonyeza, na kijana akaruka,
akaelea juu ya shimo miguu ikipiga hewa,
akatua ng'ambo.
Shangazi akaondoa mkono kama aliyeungua.
"Ni kuruka? Miaka yote ile nilikuwa natengeneza kuruka?"
Akahesabu kimoyomoyo, midomo ikicheza:
mia nne kwa siku, siku sita kwa juma...
akaacha katikati.
"Na A inafanya nini?"
A ni ya kuzungumza na watu.
"Ya kuzungumza! Wakampa Onodera!"

Nilipoondoka usiku alikuwa bado anacheza.
Kijana wake amefika mlangoni kwa mwanamke fulani,
mwanamke anamngoja aseme neno,
na shangazi anabonyeza B, mara tatu, anasikiliza,
mara tatu tena,
na kijana anaruka, anaruka mbele ya mwanamke yule
bila kusema kitu.