Usibane Bado

Raifa, weka kibano chini.
Najua chuoni walikusifu kwa mkono mwepesi,
najua na saa ya ukutani
imekwama saa tisa tangu mfungo wa Rajabu.
Lakini kamba hii bado inapiga.
Iguse. Hapa, karibu na kitovu,
kwa vidole viwili, usiminye.
Unahisi?
Kama koo la kinda la njiwa.
Mama yake hajamaliza kumpa.

Tumemfuta, tumemlaza juu ya kifua cha Bikombo,
tumemfunika kanga kavu
ambayo jina lake limeshaliwa na sabuni.
Analia kwa hasira
ya mtu aliyeamshwa kabla ya daku.
Analia, na huku anakunywa.
Si maziwa, hayo yako njiani.
Ni damu yake mwenyewe
iliyobaki upande wa pili, kwenye kondo,
kikombe kimoja cha kahawa,
kile kidogo cha barazani kisicho na mkono.
Utasema, kikombe ni nini?
Kwa mtu wa ratili saba, Raifa,
kikombe ni kisima.
Atachota humo chuma cha miezi sita
huku wewe na mimi tumeshamsahau.

Mie huhesabu kwa Qulhuwallahu,
polepole, kwa vituo vyake.
Nne ni dakika.
Moja ya dakika ndiyo haki yake ya chini,
kumi na mbili ndiyo raha yangu.
Sasa niko ya tano. Usinikatize.

Mwaka nilioanza kazi hapa Wingwi
hakuna aliyenishinda kukata.
Mtoto hajafumbua jicho,
nimeshabana, nimeshafunga, nimeshaita mwingine.
Hata nilipomzaa Mgeni wangu
nilimwambia mwenzangu, kata upesi nipumzike.
Akakata.
Alipofika miezi minane
viganja vyake vilikuwa vyeupe kama unga wa muhogo,
na alipoanza kutambaa
nilimkuta analamba udongo wa ukuta.
Sisemi ni kwa sababu ile.
Minyoo ilikuwapo, malaria ilikuwapo,
na mboga akiitema.
Sisemi.
Ila kila nikishika mkasi
naviona vile viganja.

Na Bi Asaa wa Shumba, mkunga wa nyumbani,
alikuwa hakati mpaka kondo lenyewe litoke.
Tulimcheka kwenye semina, mbele yake,
naye akakunja buibui lake akanyamaza.
Wembe wake ulistahili kuogopwa,
pepopunda ilipita humo, tulizika.
Lakini kungoja alikujua.
Tulitupa wembe wake
tukatupa na subira yake,
vyote kwenye ndoo moja.
Leo waraka umetoka Unguja na muhuri:
ngojeni.
Bi Asaa hayupo wa kusomewa.

Ya tisa.
Nisikilize na hili, maana usiku haufanani.
Mama akimwagika damu, hatungoji.
Mtoto akilegea, ukamfuta, ukamsugua mgongo,
asikujibu na huna cha kumpulizia alipo,
hapo huo mkono mwepesi wa chuoni
ndio nitakaoutaka.
Usinisomee methali ya haraka na baraka.
Kazi yetu ni kujua
usiku huu ni upi kati ya hiyo miwili.

Shaame yuko dirishani tena.
Ameshachimba shimo nyuma ya jiko,
anataka kondo lake alizike kabla ya mvua.
"Bado tu?"
Mwambie shimo halikimbii.

Ya kumi na moja.
Tazama masikio yake,
yameiva.
Iguse kamba sasa.
Imenyamaza, siyo?
Imekuwa nyeupe, imelegea
kama utambi uliomaliza mafuta yake
kwenye taa iliyohitaji kuwaka.
Bikombo anamnusa utosini,
hajui tunahesabu nini,
anadhani tunaomba dua.
Mwache adhani.

Kumi na mbili.
Haya, mwanangu.
Bana.